Kizuri Chajitembeza

Gualtiero alikuwa na skuta ya kijani
na bega la kulia lililoshuka,
kwa maana mkoba ulining'inia upande huo
miaka ishirini na miwili, Milano,
kutoka wakala hadi studio, kutoka studio hadi jumba la mitindo:
albamu nne, tano, za ngozi nyeusi,
kila moja uzito wa mtoto mchanga
na ndani yake msichana mzima
asiyemjua.

Sheria ilikuwa moja: usifungue.
Hakufungua.
Mvua ya Novemba ilipomkuta Porta Genova
alivua koti akazivisha albamu,
akafika amelowa chapachapa, zenyewe kavu,
na karani wa mapokezi akazichukua
bila kumtazama usoni.

Halafu nyuso zikajifunza kusafiri zenyewe.
Mwanzoni polepole, kwa kompyuta,
paji kwanza, kisha macho, kidevu kikichelewa;
mwishowe mara moja, zote, kwenye kiganja cha yeyote.
Skuta ikauzwa. Gualtiero akapewa funguo za stoo
na kazi ya kubadilisha balbu.

Kizuri chajiuza, tulifundishwa,
kibaya chajitembeza.
Huku kizuri kilitembezwa tangu zamani,
mguu mbele ya mguu, kwa visigino vya kuazima,
na leo chajitembeza chenyewe tangu alfajiri,
kikijipiga picha kabla ya kunawa,
kikihesabu mioyo midogo myekundu.
Msichana akiingia, haulizwi tena urefu.
Huulizwa: wafuasi wangapi?

Yupo Fiammetta, miaka kumi na tisa,
aliyesimama katikati ya duara la kamera mia na ishirini,
mikono mbali na mbavu, pumzi ameibana.
Dakika nne. Akalipwa mara moja.
Pacha wake hajalala tangu siku ile:
huvaa makoti elfu kwa usiku mmoja,
hadai nauli, hapati hedhi, hana mama wa kumpigia.
Fiammetta humwona ubavuni mwa tramu namba kumi na nne
amevaa viatu
ambavyo yeye mwenyewe hawezi kuvinunua,
na mara nyingine, anasema, humpisha.

Machi ofisi ikahama.
Zile albamu, tupa, wakamwambia.
Maboksi thelathini na moja.
Akakaa chini ya ngazi, akafungua ya juu kabisa,
vidole vikitetemeka kama vya mwizi.

Jolanta. Kaunas. 1998.
Mita moja na sabini na nane, kiuno sitini.
Picha kumi na saba, hakuna anayotabasamu.
Nyuma, kwenye karatasi ya mwisho, kwa penseli,
kwa Kiitaliano cha kuungaunga:
teksi, chumba, mpiga picha, deni hili, deni lile,
kisha, chini ya hesabu:
Leo yule wa skuta amelowa. Kitabu changu kikavu.

Kumbe alikuwa amekaa pale pale mapokezi.

Akamtafuta kwenye simu, ilimchukua chakula cha mchana.
Jolanta ana mvi, hazifichi.
Huegemeza simu kwenye chupa ya matango ya siki,
jikoni kwake, akavaa koti la marehemu mumewe,
akageuka, akageuka tena,
na watu milioni moja na kitu wananyamaza kumtazama.
Wakala aliyemwacha akiwa na miaka ishirini na minne,
kwa faksi ya mistari miwili,
sasa anamwandikia kila wiki.
Hajibu.

Maboksi thelathini na moja yakaenda kwenye lori.
Albamu moja haikwenda.
Nje kulikuwa na jua, jua kali la kupumbaza,
hata hivyo aliifunga kwa nailoni, akaizungushia koti,
akapanda tramu kwenda posta, bega la kulia chini.

Karani akaipima, akaipindua.
Ndani mna nini? akauliza.

Miaka yote hiyo hakuna aliyewahi kumuuliza,
na angeulizwa, asingejua.